Dawa ya Deni

Mara ya kwanza nilipompanda, alinitupa.
Ya pili, akanitupa.
Ya tatu hata sijakaa vizuri nikaona anga,
anga ya miraba, jua la miraba,
na kicheko cha Eulogio kikikwaruza ndani ya spika
kutoka Buenos Aires, ambako anashona mifuko ya suruali
saa kumi na nne kwa siku.
"Usimpige. Panda tena.
Huyu hafugwi kwa fimbo, anafugwa kwa kutochoka."
Mara ya saba mioyo midogo ikamtoka kichwani
kama mvuke wa chai.

Tukamwita Deni,
maana ndilo lililompeleka kaka mbali:
lori la baba, riba ya benki,
gia iliyokufa kwenye mteremko wa Oruro.
Dawa ya deni kulipa, wanasema watu.
Dawa ya Deni wetu ilikuwa robota la nyasi kavu
na zulia jekundu mgongoni.

Baba husimama nyuma ya kiti changu, kikombe mkononi.
Utotoni alifuata lama wa baba yake siku kumi na tisa,
chumvi kwenda, mahindi kurudi,
miguu imepasuka kama udongo wa kiangazi.
"Umempakia nini?"
"Mawe, baba. Kasha zima la mawe, na chuma kidogo."
"Mawe!"
Akacheka hadi chai ikamwagikia kibodi.
"Wetu ukimzidishia kilo moja juu ya kipimo chake
analala chini, anakukazia macho,
na humwinui hata ukimsomea misa."
Kisha akasogea, akagusa kioo kwa ukucha.
"Na huyu wa mbele mbona ana kamba?
Wa mbele hafungwi. Anavishwa kengele,
wenzake wanamfuata kwa kuwa anaijua njia."

Nilitafuta kengele katika kila kijiji cha mchezo ule.
Kengele zipo.
Hazivaliki.

Jumapili moja Eulogio hakuingia.
Iliyofuata, hakuingia.
Nikamwandikia kwenye simu; jibu likaja neno moja: kazi.
Halafu hata hilo moja halikuja.
Deni akabaki pale kaka alipomfunga,
kwenye uzio, ukingoni mwa uwanda wa theluji,
akitafuna hewa.
Mbwa mwitu wakipita anawatemea mate.
Mimi pia nikikaribia sana namwona anaukusanya mdomo,
nasimama.

Jumapili ya nne nikaunga msafara:
lama tisa, kamba moja, mimi mbele nisiye na kengele.
Usiku wa huko hauzidi dakika kumi
lakini niliuogopa wote.
Mtoni yule wa kahawia akaachwa nyuma,
nikarudi kumchukua,
ingawa angeweza kupatikana mwingine kilima chochote,
ingawa hakuna aliyekuwa akiniona.

Nilipofika nikalifungua kasha la Deni,
nikayatoa mawe, rundo baada ya rundo,
taratibu, kama mtu anayemvua mgonjwa viatu.
Nikaweka mikate miwili.
Nilikuwa na kibao cha kuandikia.
Nikakishika, nikakitazama, nikakirudisha mfukoni.
Nje, mtaani kwetu El Alto, mvua ya mawe ilipiga mabati.
Nikazima mashine.

Jumapili ya tano baba alikuja bila chai.
Theluji. Uzio. Zulia jekundu.
Deni alikuwa amegeukia upande mwingine,
na kamba yake imefungwa nguzo ya pili, siyo ile ya kwanza,
au labda nakumbuka vibaya.
Nikafungua kasha.
Mkate mmoja.

"Labda kaula mwenyewe," nikasema,
nikimtega baba.

Aliinama hadi pumzi yake ikatia ukungu kwenye kioo,
akaupangusa kwa mkono wa sweta,
akaangalia tena.
"Lama," akasema, "hajui kufungua kasha."