Mita ya Mwamba

Kazi yangu ni kusoma mita.
Toka Kengeja hadi Mtambile, toka Chambani hadi Mwambe,
najua nyumba ipi imezima friji,
ipi imeunga waya kwa jirani,
na nani humtuma mtoto mlangoni: "Sema baba hayupo."

Usiku wa bamvua la mwezi mwandamo
umeme ukakatika kisiwa kizima.
Mwamize Shaame, mchokoa pweza, akanigongea dirisha:
"Wewe si mtu wa umeme?
Njoo basi uniambie ule unatoka wapi."

Tukashuka pwani. Maji yamekupwa mbali.
Yeye na mchokoo wake, mimi na daftari,
sijui kwa nini nililibeba daftari.

Nikauona.
Ndani ya maji ya kiunoni mwamba umewaka,
si kama taa, maana taa ina pale inapoanzia.
Huu uliwaka kama mkate unavyoiva, kutoka ndani:
tumbawe la kijani cha tango bichi,
la zambarau, la manjano
kama bizari iliyogoma kutoka kwenye kucha.

Pono amelala ndani ya chandarua cha ute wake mwenyewe,
hakupanga foleni kugawiwa.
Mkunga katoa kichwa tunduni, kanikazia macho
kama mwenye nyumba anayedaiwa.
Jongoo bahari anakula mchanga, anautema msafi,
anaufagia mji wenyewe wamelala.
Pweza akapita juu ya kijani, akawa kijani,
akapita juu ya zambarau, akawa zambarau,
kisha akajisahau, nusu hivi, nusu vile.
Mwamize akaushusha mchokoo.
"Mwache. Leo kavaa."

"Nani analipa?" nikauliza.
Mazoea hayana dawa.

Akacheka. Akasema ndani ya kila tumbawe
mna mpangaji, mdogo kuliko chembe ya unga.
Mchana hulinywa jua akapika sukari,
kidogo hula yeye, nyingi humpa mwenye nyumba.
Kodi hailali hata siku moja.
Na pono hutafuna mwamba, usagike tumboni mwake,
na anachokitoa nyuma ndicho mchanga mweupe
tunaoutandaza mbele ya nyumba zetu.

"Kumbe kile kibaraza changu..."
"Ndicho. Kaa kwa adabu."

Hapo ndipo nilipotia mkono.
Maji yalikuwa ya moto,
moto wa maji ya kumkanda mzazi.
Nikamtazama Mwamize. Hakuwa anacheka tena.

"Mwanangu Subira alipopatwa na homa
mashavu yalimeremeta hivi hivi.
Majirani wakaja, wakasema, kapendeza mtoto!
Mimi nilikuwa nimemshika. Nilijua."

Alipona?
Hakunijibu. Alinionyesha kamba mdogo
akimsafisha chewa meno, bila haraka,
kama kinyozi asiye na mteja wa pili.

"Wapangaji wakizidiwa na joto wanahama," akasema baadaye.
"Mwenye nyumba huwaka hivi, siku chache,
kisha huwa mweupe.
Mweupe kama kikombe kilichooshwa
na hakuna wa kukinywea."
"Na wakirudi?"
"Wakirudi, wamerudi."

Nikafungua daftari. Jina la mteja: niliandika Mwamba.
Usomaji uliopita: sikuwepo.
Usomaji wa sasa... kalamu ililowa, ikagoma,
nami sikuilazimisha.

Nyuma yetu Mwambe nzima ikapiga kelele: "Eeeeh!"
Umeme umerudi.
Redio zikadakia katikati ya sentensi,
balbu ya msikitini, balbu ya duka la Faki,
madirisha moja moja hadi juu kilimani.
Nikageuka kutazama, ni kazi yangu,
nikahesabu zilizowaka na zisizowaka,
na nilipourudia mwamba
macho yangu yalikwisha kuzoea balbu.
Niliona maji tu. Meusi.

Mwamize alikuwa bado ameinama,
kiganja chini ya maji, juu ya tumbawe,
haligusi,
anapima.