Chumba cha Kufulia, Panevėžys

Mimi sijui mpira. Najua jasho.
Miaka ishirini na sita chini ya ngazi za ukumbi,
mashine nne, moja mbovu tangu Pasaka,
na kidirisha ambacho theluji hukiziba mapema.
Habari za mechi hunifikia kwa miguu ya watu:
dari ikitetemeka, tumefunga;
ikinyamaza, naanza kuloweka.

Alikuja na miaka kumi na minane kutoka Kupiškis,
mwembamba kama njiti ya kiberiti,
Skirmantas Petkūnavičius.
Herufi kumi na tatu za ukoo! Nilizishona mwenyewe,
upinde kutoka bega hadi bega,
uzi mweupe ukaniishia kwenye s ya mwisho.
Namba kumi na nne.

Jezi husema.
Msimu wa kwanza ilirudi safi, yaani alikuwa benchi.
Wa pili, nta ya sakafu kifuani: kumbe anajirusha.
Wa tano, damu ya pua ya mtu mwingine,
nikacheka peke yangu, Mungu anisamehe.
Kisha Waturuki wakamwita,
na msumari wake ukakaa mtupu miaka minne.
Waturuki walimlipa pesa, Wagiriki wakamlipa ahadi.
Aliporudi alikuwa na ndevu, hana mke,
na soksi ndefu ya goti la kushoto
ilinuka dawa ya kuchua iliyozishinda sabuni zangu zote.
Nilijua kabla ya daktari.

Siku aliyostaafu walimpa saa ya ukutani.
Akashuka nayo huku chini,
akakaa juu ya kapu la taulo,
akauliza mashine hii huzunguka mara ngapi.
Nikasema sijawahi kuhesabu.
Akahesabu. Mpaka ilipokata maji.

Sasa ni kocha.
Nikawaza, afadhali, kazi itapungua.
Wapi!
Mchezaji hutoka jasho akikimbia,
kocha hutoka jasho akiwa amesimama.
Mashati meupe, kwapani ramani za maziwa mawili,
na wino wa kijani kwenye mkono wa kulia,
maana kitambaa cha ubao hupotea kila mechi
naye hufuta kwa shati. Anachora, anafuta, anachora,
mishale mitano ikielekea mahali
alipokuwa akifika bila mshale.
Nadhani hilo ndilo linalomuuma:
kutafuta maneno
ya jambo ambalo goti lake lililijua kabla ya kichwa.

Jumamosi tulifungwa na Utena kwa pointi moja.
Kijana Lukša, miaka kumi na tisa,
alishika mpira kama mtu aliyeshikishwa mtoto wa jirani,
na muda ukamwishia mikononi.
Dari ikanyamaza. Halafu nikasikia sauti moja tu,
nami sikuwahi kuisikia sauti ile
siku zote alizokuwa anacheza.
Shati lilikuja bila vifungo viwili.

Jumatatu ameshuka na jezi ya zamani, kumi na nne.
"Teta Gene, fumua."
Nifumue nini?
"Jina. Shona Lukša."
Yule uliyemfokea juzi?
Akatazama mashine mbovu.
"Huyohuyo."

Nimefumua kwa wembe, herufi moja moja, nikianza na s.
Lukša ni herufi tano. Nimepima kwa uzi, nimeziweka katikati.
Lakini kitambaa hakisahau sindano:
huku na huku kwa kijana vimebaki vitundu,
na ukiiinua jezi mbele ya taa
mwanga unapita, unasomeka.

Nilimwambia aiinue. Hakuiinua.
Aliileta puani, akavuta pumzi, akasema
nimebadilisha sabuni.

Sijabadilisha.