Taa za Kuhesabia Matonge

Mama yangu Mbuke alikuwa yaya, Isamilo,
kwa Mama Valiama, mke wa fundi mitambo wa kinu cha pamba,
Watamili, waliofika na mtungi wa achari ya ndimu
na lugha ambayo hata Wahindi wa madukani
waliisikiliza kwa kukunja uso.

Kila alfajiri, kabla ya chai,
Valiama alichuchumaa kizingitini na ngumi ya unga wa mchele,
akaudondosha kati ya vidole: nukta, mstari, ua.
Saa nne sisimizi wamelimaliza ua lote.
Hasara, mama alisema moyoni.
Mpaka alipozaa mapacha, akawazika mwezi uleule,
na Valiama akamwekea unga mkononi:
"Kesho chora wewe.
Anayelisha sisimizi hawezi kusema
mikono yake haina wa kumlisha."

Nikaja mimi, Shija, mfuata mapacha.
Mkataba wa fundi ulikuwa umekwisha. Walituachia
sufuria mbili na sari ya pamba, rangi ya binzari,
iliyofuliwa hadi ikawa laini kama sikio la mbuzi.
Mama akaifunga kwenye boriti, Mabatini,
nikalala humo nikining'inia
kama popo mwenye bahati.

Na wimbo. Aliuimba bila kujua unasema nini,
araro, ariraro, kisha maneno
aliyoyameza mazima kama vidonge vya klorokwini.
Mimi nilidhani ni Kisukuma cha zamani,
cha kabla ya reli.

Kwao mtoto hulishwa akionyeshwa mwezi:
tonge lako, tonge la mwezi, fungua kinywa.
Lakini huku ziwani kuna siku mwezi haupo,
na ndizo siku za dagaa.
Mama alinipandisha juu ya jiwe nyuma ya choo cha jirani,
giza totoro, na kule majini karabai zimewashwa,
mji mzima umeota juu ya Nyanza.
"Mwezi umegoma," alisema. "Umetuma watoto wake."
Taa moja, tonge moja.
Ugali wa udaga, mchuzi wa kichwa cha sato.
Nilijua kuhesabu hadi arobaini
kabla sijajua
kwamba sufuria ilikuwa ya mtu mmoja.

Leo yuko Bugando, kitanda cha dirishani.
Uji unamkalia shavuni, haushuki.
Naimba ule wimbo kwa sauti ya kuona haya,
na mtawa anayepita na dripu anasimama ghafla
kama aliyeitwa kwa jina la utotoni.
Sista Arokiam, wa Tiruchi, miaka kumi na tisa hapa;
Kiswahili chake kina lafudhi ya Sengerema.
"Umeutoa wapi?" Anasikiliza tena, anacheka, anafuta macho.
"Umechakaa. Nusu si Kitamili tena,
ni mama yako tu.
Ila neno hili limebaki zima: kanne.
Jicho langu. Ndivyo mtoto anavyoitwa."
Kisha akaniambia, kwao wakitaja wa kuheshimiwa
huanza mama, akafuata baba, mwalimu, halafu Mungu.
"Nawe Sista, unakubali Mungu awe wa nne?"
"Hajalalamika," akasema, akirekebisha dripu.

Basi miaka yote ile, chini ya bati la Mabatini,
mama aliniita jicho kwa lugha asiyoijua
na hakukosea.

Usiku huu mwezi hakuna.
Taa zimetapakaa toka Saanane hadi upande wa Kamanga,
nyingi siku hizi ni za sola, nyeupe, hazitetemi.
Namgeuza kichwa. Ile pale. Kijiko.
Ile nyingine. Kijiko.
Koo linapanda, linashuka, kama mtu anayepanda Isamilo na ndoo.
Nimefika kumi na moja, nasema kumi na mbili,
na yeye, ambaye tangu Jumapili hajatamka neno,
ananishika kifundo cha mkono:

"Shija. Umeruka moja."