Mtoe Huyu

Duka langu liko Maweni, juu ya muuza nondo na saruji,
ngazi kumi na saba, ya tano imevunjika.
Wanawake walioachwa wanapanda na kanda mkononi,
hawakai, hawanywi hata maji.
"Barke, mtoe huyu."
Nami humtoa.
Namkata mlangoni kabla hajavua viatu,
nabakisha bibi harusi, mahamri, vigelegele,
shangazi anayehesabu sahani.
Waume kumi na wanne nimewatoa kwenye harusi zao.
Mmoja tu alinishinda: mkono wake
umebaki begani kwa mkewe hadi leo,
hauna mwenyewe.

Kukata nilifunzwa na mama, kwa doti za leso.
Leso haikatwi popote, alisema,
pana uzi mmoja kati ya pindo na pindo,
utafute kwa kidole, macho yatakuongopea.

Kisha akaja Leida, bibi wa Kiestonia,
magoti yamechoshwa na baridi ya kwao,
amepanga nyumba Casuarina,
na nusu ya filamu kwenye kompyuta iliyokufa.
Nilimfufulia. Akauliza, nikulipe nini?
Nikasema, nipe kipande kimoja nikikate.

Watu wawili mezani. Dirishani kweupe, kweupe, kweupe.
Wanasema lugha yenye irabu ndefu
kama foleni ya benki mwisho wa mwezi.
Sikujua neno.
Lakini anayetaka kuaga humjui kwa mdomo,
bega ndilo hutangulia.
Nikakata begani.
Leida alitazama mara tatu. Akazima feni ili asikie.
"Hapo," akasema, "ndipo yule mama anapodanganya.
Umejuaje?"

Miaka kumi na tisa. Filamu saba.
Wenye lugha ile, ukiwahamisha wote,
labda wangeenea Mombasa, wakabanana kidogo Likoni.
Na kwao, Leida aliniambia, yeye ni yeye tu,
mume au mke, kama kwetu.
Siku hiyo nilifurahi kama niliyeonyeshwa binamu.

Theluji yao nimeikata jasho likidondokea kibodi.
Mara moja umeme ulikatika katikati ya mazishi,
jeneza likaning'inia kwenye kamba zake
hadi saa kumi alfajiri, ndipo nikamzika yule mtu.
Jina langu hupita mwishoni, sekunde mbili,
mbele yake neno *montaaž*,
herufi ya mwisho imevaa kofia.
Mama aliliona. Akauliza, ni cheo?
Nikamwambia, ni kofia tu.

Mama alikuwa adui wa kamera.
Kila harusi ya mtaa anapita mbele na sinia,
anasimama, anasahau alikokuwa akienda,
anatazama lenzi
kama mtu aliyeulizwa kitambulisho.
Nami fundi, usiku, peke yangu: mtoe huyu.
Kwa yeye sikungoja kuagizwa.

Alipofariki, mwezi wa Rajabu,
nilifungua folda ya mabaki.
Leida alinikanya zamani: usifute, sogeza kando.
Nimemkuta humo, vipande arubaini na kitu.
Na sinia. Bila sinia. Leso ya kijani,
leso ile ile imepauka.
Meno yote, kisha meno machache.

Nimeviunga. Dakika sita.
Anaingia, anasimama, anatazama.
Anaingia, anasimama.
Mikato ni ile ile niliyoikata wakati huo,
nikiwa na haraka ya kumrudia bibi harusi;
hakuna fremu ya kuongeza.
Narudia kutazama, natafuta bega.
Hana.
Anageuka tu na kuondoka,
kuna wali jikoni.