Uti wa Mgongo

Ghala la chama chetu cha msingi, hapa Kitangari,
limeandikwa ukutani kwa bluu, kila herufi futi mbili:
KILIMO NI UTI WA MGONGO WA TAIFA.
Mvua za Machi zimebandua rangi kwenye MGONGO.
Katibu ameahidi kopo jipya tangu msimu wa juzi.

Mimi ndiye karani wa mizani.
Misimu tisa nimekaa chini ya herufi hizo
nikiandika majina na kilo, kilo na majina,
nikichoma gunia kwa bambo,
nikitikisa konzi moja karibu na sikio:
iliyokauka hucheka kama kokoto,
mbichi hunyamaza, nayo hurudishwa juani.

Korosho haichumwi. Walaji wa mbali hawalijui hilo.
Unaingoja idondoke yenyewe, pamoja na bibo lake,
kisha unaifuata chini.
Unainama. Unainyonga hadi iachane na bibo.
Unainuka. Hatua mbili.
Unainama.

Kilo moja ni korosho mia na themanini,
zaidi kidogo mwaka wa ubwiriunga.

Msimu uliopita mwanamke mmoja, Somoe Chilumba,
alileta kilo mia sita na arobaini, daraja la kwanza tupu.
Foleni ilipopungua nikazidisha pembeni mwa leja, kwa penseli:
laki moja, elfu kumi na tano, na mia mbili.
Hizo ni mara alizoinama.
Nikatafuta pa kuiandika hesabu hiyo kwa wino.
Leja ina safu ya ushuru wa halmashauri,
safu ya magunia na kamba,
ya usafiri, ya chama kikuu, ya deni la salfa.
Nikaifuta kwa kidole kilicholowa mate.

Somoe ni mama yangu.

Mnadani bei ilipanda shilingi thelathini,
watu wakapiga vigelegele mpaka kuku wakakimbia.
Sikatai: zahanati ile ina bati kwa sababu ya korosho,
madawati ya Namkonda ni korosho,
na meli iliyotia nanga Mtwara haikufuata upepo wetu.
Ilifuata magunia. Ikaondoka nayo yakiwa na maganda yake,
na kazi ya kubangua ikaenda kulipwa mshahara ugenini.

Malipo yakakawia benki siku arobaini na mbili.
Siku ya thelathini mama hakuweza kufunga kanga amesimama.
Usiku akauza bakuli sita za kangomba, zile za chini ya kitanda,
nusu bei, kwa kijana mwenye pikipiki isiyo na taa.
Mimi, karani, mlinzi wa mizani halali,
nikageukia ukuta nikajifanya nimelala.
Ndiyo ikawa nauli ya Ndanda.

Sista Redempta aliinua picha ya eksirei dirishani.
Pingili tatu zimesagika, akasema,
akazionyesha kwa ncha ya kalamu, moja moja,
kama mimi nionyeshavyo makosa kwenye stakabadhi.
Mama akaitazama kwa muda mrefu.
Hakuwahi kujiona kwa ndani.
"Ndio huu wa ukutani kwenu?" akaniuliza.
Sikujibu.
"Basi waambie umesagika pingili tatu.
Rangi haitatosha."

Akacheka, akashika kiuno, akaacha kucheka.

Oktoba imefika. Korosho zinadondoka tangu alfajiri,
tap, kimya, tap,
shamba zima kama bati linaloanza kunyeshewa.
Mama amekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, ananielekeza kwa fimbo:
ile pale, umeiruka; na ile, chini ya jani.
Nimeomba ruhusa ya siku nne chamani.
Ninainama. Ninainuka.
Nilipofika mia na themanini nikanyoosha mgongo,
nikamtazama.

"Kilo moja hiyo," akasema. "Usisimame."