Mchanga wa Kinyasungwe

Lori la kwanza tulilijaza Jumatatu,
mimi, Damari Chiwanga, na yule kijana wa Buigiri
asiyependa kuulizwa jina.
Tajiri alisema: chekecheni mara mbili,
usibaki mwiba, usibaki kipande cha chupa,
watu watacheza peku.
Damari akacheka hadi akaegemea sepetu.
Peku! Na sisi humu korongoni tumevaa nini?

Malori arobaini na moja.
Mto wetu tuliupeleka mjini vipande vipande,
mto wenye maji wiki tatu kwa mwaka,
siku zilizobaki ni barabara ya mbuzi.
Wakaumwaga nyuma ya uwanja, wakausawazisha kwa reki,
wakapigilia utepe wa buluu pembeni,
wakatundika bango: MICHEZO YA UFUKWENI.
Ufukwe wa nini, aliuliza Damari.

Mimi nilibakizwa kumwagia kiwanja maji,
ndiyo maana niliwaona kwa karibu wale wa Komoro:
wasichana wanne, kocha mmoja,
na mama mnene aliyekuwa daktari, mpishi na mshika bendera.
Wengine walikuja na basi zima.
Wao walishuka kwenye Noah,
mipira yao ndani ya mfuko wa salfeti.

Mmoja, Zalhata, mrefu, ana kovu gotini,
aligeuka pande zote.
"Bahari iko wapi?"
Nikamwonyesha tangi langu la lita elfu tano.
Akainama, akachota, akaonja kwa ncha ya ulimi.
"Hauna chumvi."
Chumvi iko Bahi, nikamwambia, huku ni kwa mbuzi.
Wao huuita mtsanga. Sisi mchanga.
Kati ya neno lao na letu
unapita ukucha tu.

Mechi ya kwanza ubao haukuwa na jina lao.
Kijana wa matokeo akaandika kwa chaki: WAGENI.
Wakafungwa ishirini na moja kwa tisa.
Wakafungwa tena. Upepo wa Agosti, ule wa kutoka Mpwapwa,
uliubeba mpira wao kama mwewe na kifaranga.
Jioni nilimkuta Zalhata peke yake kiwanjani,
anainua konzi ya mchanga, anaiachia,
anatazama inakoelekea.
Anarudia.
Nikafunga bomba, nikasimama.

Siku ya pili walikutana na sisi.
Seti ya kwanza tulikula bila kutafuna.
Seti ya pili akaanza kuupiga mpira nje,
nje kabisa, juu ya wauza zabibu na ndoo zao,
na upepo ukaurudisha ndani ya mstari,
kila mara,
kama ng'ombe anayejua zizi.
Ishirini na moja kwa kumi na tisa.
Jukwaa likanyamaza, na katika ukimya ule
nikasikia mtu mmoja anapiga kelele za furaha.
Nikageuka kumtafuta.
Damari akanivuta shati:
Kaa chini wewe. Hao si wetu.

Seti ya tatu tuliwafunga, tena vibaya.
Walipeana mikono na kila mtu, hata na mimi,
mkono wangu ukiwa na tope.
Usiku, kabla taa hazijazimwa,
nilifuta lile neno la chaki kwa kiganja,
nikaandika KOMORO.
Sina mwandiko. O ya mwisho ilitoka kubwa
kuliko wenzake wote.

Michezo ilipokwisha tajiri aliuuza mchanga.
Ulikwenda Iyumbu, kwa mtu anayejenga.
Mimi ndiye niliyeupakia, na nilipoushusha
niliona alama ya kisigino, nikaipiga sepetu.
Sasa iko kwenye plasta ya chumba fulani.
Kuna mtoto analala kando ya ile seti ya pili,
anaukwaruza ukuta kwa kucha,
na mama yake anamkemea.

Desemba mto ulishuka, siku tisa tu mwaka huu.
Ulipokauka tulikwenda kuangalia:
lile shimo letu limejaa, laini, jipya,
halina hata unyayo.
Damari alivua ndala zake. Akaruka.