Kubangua

Feni ilimpulizia kompyuta, si yeye.
Hilo ndilo la kwanza nililojifunza Chikongola,
nyuma ya duka la dawa, chumba cha pazia la kitenge:
mashine ikipata joto, kazi ya watu inaungua;
Otilia Chilemba akipata joto, anajifuta na kanga.

Mama yake alibangua korosho, malipo kwa kilo.
Ukigonga sana, punje inapasuka, bei imekufa.
Ukigonga kwa huruma, ganda linakucheka.
"Na mimi nabangua," aliniambia, kidole kwenye kitufe,
"ila mafuta ya kwangu hayababui mikono.
Yanababua macho."

Miaka ishirini na miwili.
Filamu ya majini, iliyopigwa Mikindani kwa siku nne,
jini mwenyewe akicheka kila anapotokea:
akamkata kicheko, akamwachia pumzi tu,
na watu wazima Masasi wakalala na taa.
Kichekesho cha mlevi wa uraka, kimekaa kama msiba;
akatoa sekunde mbili za kimya hapa, akatia moja pale,
kikachekesha.
Mafunzo ya kupulizia salfa. Mahubiri. Mechi ya mchangani
ambayo mpiga picha alilikosa goli,
naye akalijenga kwa nyuso za mashabiki
na wavu uliotikisika siku nyingine.
(Hilo lilimkaa. "Nimedanganya," alisema, siku tatu.)

Jina lake lilikuja mwisho, herufi ndogo,
pale watu wanapotafuta ndala chini ya mabenchi
na mwenye kibanda kanyoosha mkono kuzima.
Mwigizaji mmoja aliyepata tuzo kwa kulia
alipita hapa kununua dawa ya kichwa.
Chozi lile lilikuwa la vumbi. Otilia ndiye aliyejua
lianzie wapi, na likatwe kabla mwenyewe hajapangusa.
Akatusalimia vizuri. Akauliza kama tunauza vocha.

Mwaka wa bei nzuri ya korosho
alikuja Zamoyoni wa Nanguruwe na mkanda wa harusi yake.
"Mtoe huyu bwana. Ngoma ibaki."
Usiku tisa. Umeme ukikatika tunangoja gizani,
sisi tunaoikalia gesi yote ile,
naye anasema, "Leo Tanesco ndiye mhariri."
Mwishowe Zamoyoni akaolewa na pazia,
akalishwa keki na mkono ulioishia kwenye kiwiko.
"Na huu mkono?"
"Huo ukiutoa, keki inaelea."
Akafikiri. Akalipa.

Miezi mitano, akaja bwana. Ombi lile lile.
Otilia hakusema kitu, akapokea nusu ya malipo.
Ile harusi nzima, ya wawili, ipo bado
kwenye diski iliyoandikwa MABAKI,
pamoja na vicheko vya jini.

Siku hizi anakaa kiti cha wateja.
Macho yamebabuka kweli; kioo anakiona kama ukungu.
Mimi nakata, yeye anasikiliza.
"Hapo. Umechelewa kidogo."
Narudisha nyuma, naangalia. Nimechelewa.

Jana mchana, joto la Februari,
nikaigeuza feni polepole, imwelekee.
Sikusema neno.
"Irudishe," akasema.